Hatua Mia Nane za Mkurugenzi

Idara ya Burudani za Nje inayo furaha kuutangazia umma kwamba mlima wetu umeokolewa. Mimi, katibu wa Kamati ya Kupunguza Nyayo, nilishuhudia kwa macho yangu.

Watembezi walikuwa wameuchakaza mlima kwa kuutembelea. Tukakata miti sitini, tukachonga vibao sitini vya kuwasihi wananchi watunze miti. Kisha Mkurugenzi akatia sahihi agizo: kila mtembezi asizidi hatua mia nane kwa siku, bila kujali cheo. Hayo ya cheo aliyaongeza mwenyewe, kwa kuwa yalisikika vizuri.

Siku ya uzinduzi tulifika na magari kumi na moja, jenereta na katoni za maji ya chupa. Mkurugenzi akaanza kupanda, viatu vinang'aa. Nyuma yake alifuata mlinzi wa msitu, mama wa makamo asiye na mzaha na kazi, akihesabu.

Penye mwinuko mkali akasema, "Samahani, bosi. Mia nane zimetimia."

"Endelea tu kuhesabu, mama."

"Ikizidi moja, nakukamata. Sahihi ni yako."

Mkurugenzi akacheka. Alipoona anacheka peke yake, akanigeukia. "Katibu, niandikie kibali."

"Kibali kinataka mhuri, mheshimiwa. Uko ofisini."

"Kaulete."

Nikamweleza kwa heshima kwamba nilikuwa nimebakiwa na hatua sita.

"Basi aende mama. Walinzi hawahesabiwi."

"Waraka wako unakataza mlinzi kugusa mhuri," mama akasema.

Tukaketi. Jua likatuchapa. Maji tuliyaona kule chini, yamepangwa vizuri. Saa nane mchana Mkurugenzi akauliza, kwa sauti ndogo, agizo linasemaje kuhusu makalio.

Mama akalisoma lote, kurasa kumi na mbili, bila haraka. "Halisemi kitu, baba."

Akashuka kwa makalio mpaka chini, suti na yote, mbele ya waandishi wa habari, aking'ang'ania vichaka. Vichaka vikang'oka, vikashuka naye. Mimi nilifuata mkondo huohuo.

Wataalamu wameupima mfereji alioacha. Ni uharibifu mkubwa kuliko wa watembezi wote wa miaka kumi. Ripoti iko mezani kwake, inasubiri achukue hatua.