Kura ya Kusimama Katikati

Jumamosi, 4 Julai 2009
Nimeipata! Binti yangu Nasriya alikuwa kwenye kompyuta anaangalia kundi la wasichana wa Kijapani wakiimba. Marinda juu ya marinda, riboni kichwani, soksi mpaka magotini. Nyimbo sikuzisikia. Mimi niliona sare. Sare za harusi ya Mwatima, anayemwoza bintiye mwezi huu na bado hajaamua fundi yupi wa huku ughaibuni awashonee: mimi wa Queensbury au Siham wa Stanmore. Siham kachukua harusi zote za mwaka huu. Nikiikosa na hii, nitabaki kupunguza suruali za watu. Wallahi siiachi.

Jumatatu, 6 Julai
Kwa Mwatima. Nikamwambia kanga zimepitwa, Tokyo sasa wanavaa hivi. Akauliza kama magoti yatabaki wazi. Nikamwapia marinda yatafika chini na mikono mpaka viganjani. Kakubali. Siham akisikia hapati usingizi.

Jumatano, 8 Julai
Dukani kwa Damyanti, Kenton, kuchagua vitambaa. Nasriya akanieleza, kwa Kiingereza kama kawaida yake, kwamba kule kila msichana ana rangi yake, na mashabiki hupiga kura nani asimame katikati. Kura hupatikana kwa kununua CD. Nikabaki nimeshika kitambaa. Basi na kwetu kila mama rangi yake, anayenunua riboni kwangu anapata kura, na mshindi ataingia ukumbini ubavuni mwa bibi harusi. Damyanti, mtu wa Kisumu, akasema yeye angewaachia wenyewe mambo ya ukoo wao. Damyanti anajua vitambaa, siasa hajui.

Jumapili, 12 Julai
Riboni zinakwisha. Shangazi wa bibi harusi hasemi na mama mdogo wa bibi harusi. Somo, aliyemfunda bibi harusi na ambaye siku zote mahali pake ni pale pale ubavuni, kapiga simu kuuliza tangu lini nafasi yake inagombewa. Nikamjibu anunue riboni kama wenziwe. Kakata simu. Wivu tu.

Ijumaa, 17 Julai
Marinda yote tayari. Nimehesabu kura. Nimehesabu tena. Kashinda mama wa bwana harusi, aliyekuja na gari kutoka Milton Keynes akaondoka na mabunda ya riboni. Mwatima, mwenye shughuli yake, wa mwisho. Nilifikiria kuzibadilisha kidogo, lakini mshindi nilishampelekea pongezi. Jioni Mwatima akapiga simu. Hakufoka, na hilo ndilo lililonitisha. Alisema nyumbani kwake hakuna wa kumpanga nyuma ya mkwewe, awe Mjapani au nani.

Jumapili, 19 Julai
Harusi. Nimeingia na marinda yangu ya manjano na riboni kichwani, nikijua hasira zimekwisha. Ukumbi mzima, kuanzia somo mpaka yule mama wa Milton Keynes, wamevaa kanga za namna moja. Kazigawa Siham. Hata kushona hakushona! Somo kasimama ubavuni, Mwatima mbele, wote wanacheka pamoja. Mimi nikawekwa karibu na mlango wa jiko, na watoto wakanizunguka wakidhani ni mimi nimekodiwa kuwachezesha. Nikawapulizia maputo. Kisha nikaenda chooni nikalia, nasema kweli, nimeumia. Biriani lilikuwa zuri.

Alhamisi, 23 Julai
Nimetafakari sana. Kura hazina kosa. Kosa ni letu Wazanzibari, hatujui kushindwa. Na Mungu si Athumani, kanipigia Gaudensia, nesi wa Bukoba. Kwaya ya kanisani kwao inataka majoho mapya, meupe, wote sawasawa. Nimemwambia asijisumbue, aniachie mimi. Kila mwimbaji atakuwa na rangi yake, na kura zinaanza kesho. Mchungaji nimeshamwandikisha kugombea.