Farasi wa Baba Mkubwa Esenkul

Urmat alikuwa akikaanga mayai pale televisheni ilipomletea riziki. Daktari Burulcha, mwanahistoria wa sanaa anayeandaa maonyesho kwenye jumba la makumbusho hapa Bishkek, alikuwa akieleza kwa huzuni kwamba anawatafuta wachoraji wa zamani waliosahauliwa, na kwamba fungu la kununulia kazi zao lipo. Mayai yakaungua. Urmat, ambaye wiki hiyo alikuwa dalali wa viwanja visivyokuwepo, akaona kuwa mchoraji asiyekuwepo ni kazi nyepesi zaidi: hahitaji hata kupimwa mipaka.

Basi akamzaa marehemu Baba Mkubwa Esenkul. Akamchorea picha kadhaa gerejini, akazifukiza moshi wa samadi, akazipaka chai, na kabla hazijakauka vizuri alikuwa ameshachagua Toyota nyeupe atakayoinunua.

Pale makumbusho Daktari alizitazama, pua karibu iguse turubai. Urmat akamsimulia jinsi marehemu alivyochora kwa siri na alivyokufa akikohoa. Alisimulia vizuri hata mwenyewe akaguswa. Lakini mama huyu hakuulizia kikohozi. Aliuliza jambo ambalo Mkirgizi huulizwa tangu ana meno ya utoto: baba zako saba wa ukoo, kizazi hadi kizazi, ni nani?

Akitaja wa kwake halisi, kijiji kizima kitasema hakijawahi kuwa na mchoraji. Akakumbuka ukoo aliousikia ukitajwa kwenye harusi ya watu wa Naryn, akauporomosha. Alipofika kwa baba wa nne, Daktari akamalizia wa tano, wa sita na wa saba, kisha akamkumbatia.

"Kumbe wewe ni damu yangu," akasema. "Na mimi nilikuwa karibu kukulipa kama mtu baki."

"Lipa tu, dada. Mimi sina kinyongo."

"Nifanye biashara na ndugu? Watu watanionaje?"

Picha, akaeleza, zitapokelewa kama zawadi ya ukoo. Kilichomsumbua ni kwamba marehemu hajafanyiwa karamu ya kumbukumbu, na mrithi wa karibu ndiye anayechinja farasi. Tena alikuwa ameshapiga simu Naryn. Urmat alifikiria kusema kweli, lakini kweli ina polisi. Akafikiria kukimbia, lakini ndugu wapya, wenye mabega kama milango, walikuwa tayari njiani. Akauza kigari chake kibovu, akanunua farasi.

Karamu ilifana. Wazee walilia. Mmoja alimkumbuka Esenkul vizuri kabisa: alikuwa na kigugumizi, na aliazima tandiko asilirudishe. Mrithi akalazimika kuomba radhi kwa ajili ya tandiko.

Daktari akamsogezea sahani ya nyama. "Rangi ya ile picha ya milima bado inanata vidoleni, mdogo wangu," akamnong'oneza. "Lakini mkono unao. Nitazitundika kwenye ukumbi wa wachoraji chipukizi."

"Basi nirudishie hata mbili."

"Zawadi ya ukoo? Waombe wazee."

Wakati huohuo mzee wa tandiko akapaza sauti kuuliza: mtu mwenye kipaji namna ile, kwa nini aliacha kuchora? Watu wakageuka, midomo iking'aa mafuta, macho yote kwa Urmat.

Urmat akaitazama mifupa ya farasi wake.

"Alipata ndugu," akasema.