Vampaya wa Ghorofa ya Chini Hagusi Chakula Chetu

Alhamisi, 1 Desemba 1988

Kiruna, mji wa mgodi kaskazini kabisa. Nyuzi kumi na tisa chini ya sifuri. Jua limebaki kipande tu, na wiki ijayo linaondoka kabisa mpaka Mwaka Mpya.

Mimi ni Tyra Lundmark, miaka kumi na moja na nusu. Naandika ili ushahidi usipotee. Tangu rafiki yangu Ylva ahamie kusini mwezi wa Agosti, chakula cha mchana shuleni nakula na mama wa jikoni. Ni mtu mwema, lakini ana miaka sitini na habari zake zote ni za magoti. Rafiki mwingine sina. Sisemi ili nionewe huruma. Ni taarifa tu.

Mjomba Roland ana duka la kanda za video. Ameniachia nitazame filamu sita za vampaya, wale wafu wanaonyonya damu, mchana, sauti chini, Mama asijue. Nimegundua jambo kubwa. Kila filamu yenye mtoto, mtoto huyo ni mpweke. Hana mtu. Halafu anatokea vampaya, naye ni mtoto vilevile, wanapendana mpaka basi. Mtoto mwenye marafiki wengi haji kwake hata popo. Tena vampaya ana sifa ambayo Ylva hakuwa nayo: ukishampata, umempata milele. Hahamishwi na kazi ya baba yake.

Kwa hiyo niko kwenye nafasi nzuri.

Na leo ghorofa ya chini wamehamia watu, baba na msichana. Mapazia yamefungwa tangu saa saba mchana. Msichana mweupe kama maziwa. Nimefungua daftari.

Ijumaa, 2 Desemba

Anaitwa Disa. Amewekwa darasani kwetu. Mchana tulipewa pudingi ya damu iliyokaangwa, na jamu juu. Wenzangu walikuwa wanaisukumasukuma kwenye sahani. Disa alirudi kuongezewa mara mbili! Pernilla Hjort, anayejiona mwenye darasa kwa sababu ana kigari cha kuteleza kwenye theluji chenye usukani, akasema huyu mgeni ana njaa ya simba. Watu wakacheka. Mimi sikucheka. Nilijua ni njaa gani.

Nikamsogelea. Akaniambia baba yake amekuja kufunga mashine mgodini, mama yake amebaki kusini, na kazi ikiisha mwanzoni mwa Januari wanarudi kwao.

Mwanzoni mwa Januari. Yaani jua likirudi, yeye huyo anakimbia, maana jua huwaunguza vampaya. Hakuna kilichobaki cha kubishania.

Jumanne, 6 Desemba

Disa alikuja kwetu. Filamu zote sita zinakubaliana: vampaya haingii ndani asipokaribishwa. Basi nilifungua mlango, nikajitia sina habari. Akasimama kwenye mkeka. Dakika nne kamili, theluji inayeyuka kwenye buti zake. Mama akapita, akasema ingia mwanangu, mnatutolea joto nje. Akaingia pale pale.

Vampaya haonekani kiooni, lakini jaribio la kioo limeshindikana. Alionekana mzima mzima. Nilimpigia simu Mjomba Roland, akasema vioo vya zamani vilikuwa na fedha nyuma, hivi vya siku hizi ni takataka. Kwa hiyo kioo chetu hakihesabiki.

Saa kumi na moja Mama akatuita mezani. Kababu, viazi na mchuzi mweupe. Disa akasema atasubiri chumbani. Ni kawaida, wanaoitwa ni wenye nyumba, na mgeni hubaki chumbani wakila, kila mtoto amepikiwa kwao. Lakini Ylva alikuwa akibaki anasoma magazeti yangu. Disa hakusoma chochote. Aliketi ukingoni mwa kitanda, mikono magotini. Niliacha mlango wazi kidogo ili nimchunguze. Pua yake ilikuwa inacheza.

Niliporudi akauliza tumekula nini. Nikamwambia. Akauliza nimekula kababu ngapi. Nikasema saba. Akafumba macho.

Nimeandika: Hagusi chakula cha watu. Harufu yake inamtesa.

Alhamisi, 8 Desemba

Siku ya kitunguu saumu, ambacho vampaya hawakivumilii. Dukani walikuwa na cha unga tu, kwenye kichupa. Nikamnyunyizia kwenye glovu zake wakati wa hesabu. Alipozivaa akapiga chafya kumi na moja. Ushahidi! Halafu na mimi nikapiga chafya ishirini. Hili silielewi.

Mwalimu akatutoa nje tukapumzike kwenye benchi la ukumbini. Tulikaa pale saa nzima na leso moja. Kila mmoja wetu akianza kutulia, mwingine anapiga chafya, tunacheka tena. Disa akasema shuleni kwao kusini hakuwa na mtu wa kucheka naye hivi. Nikauliza hakuwa na marafiki? Akasema alikuwa nao wawili, ila kwa sasa hawajibu barua.

Siku nzuri kuliko zote tangu Agosti. Haihusiani na uchunguzi, lakini nimeiandika.

Jumatatu, 12 Desemba

Jua limeshaondoka. Zimebaki wiki tatu. Mpango mpya: akiniuma kabla ya Januari, na mimi nakuwa kama yeye, hatuwezi kutenganishwa tena. Nimekwenda shule shingo wazi, bila skafu, tangu Ijumaa. Leo nyuzi ishirini na sita chini ya sifuri.

Disa aliitazama shingo yangu muda mrefu. Nikainua kidevu. Akavua skafu yake, akanizungushia mara mbili, akafunga fundo, akasema, "Utakufa, mjinga wewe."

Nina homa. Mama amenichua kifua kwa dawa ya kunuka na ameninunia. Skafu ya Disa ina harufu ya mkate mkavu. Alijizuia, hilo ni wazi. Kila filamu nzuri ina sehemu ambapo anajizuia.

Ijumaa, 16 Desemba

Darasa la ushonaji. Nikapiga moyo konde, nikajichoma sindano kidoleni mbele ya macho yake. Damu ikatoka vizuri sana. Disa akazidi kuwa mweupe, akakaa sakafuni. Nikasema moyoni, sasa ndiyo saa. Nikamsogezea kidole.

Akakishika, akakipuliza. Akanitafutia plasta kwenye kabati la mwalimu, akanifunga, akapuliza tena juu ya plasta.

Hakuna aliyenipulizia kidole tangu Ylva aondoke. Nikalia kidogo. Pernilla akauliza nalia nini, nikamwambia ni maumivu, sindano zenyewe ni kubwa.

Pernilla hapitwi na kitu. Pale pale akamwalika Disa wakateleze kesho na kigari chake chenye usukani, kisha waende kwao. Mimi hakuniona, ingawa nilikuwa nimesimama katikati yao.

Jumapili, 18 Desemba

Msiba.

Nimekutana na Pernilla kilimani, anang'aa kama mtu aliyeshinda bahati nasibu. Ati jana Disa amekula kwao. Mama yake Pernilla katoka upande wa mtoni, mpakani na Wafini, na huko ukishavua viatu mlangoni unawekewa sahani. Disa kala kababu kumi na nne. Na viazi. Na mchuzi akaufuta kwa mkate.

Nikamwambia muongo. Akasema nikamuulize mwenyewe, wivu usije ukaniua.

Kama ni kweli, Disa si vampaya. Na kama si vampaya, ni mtoto wa kawaida anayeondoka Januari, tena ambaye hapendi chakula chetu. Sijui lipi linaniuma zaidi. Nadhani la chakula.

Jumatatu, 19 Desemba

Nimemngoja Disa ngazini. Nikamuuliza kwa nini kwa Pernilla anakula na kwetu hagusi kitu. Nilitaka kusema kwa sauti ya ukali, ikatoka nyembamba.

Akanitazama. Akasema, "Kwenu sijaitwa."

Nikasema lakini hakuna anayeitwa. Akasema anajua, hata kwao kusini ni hivyo hivyo, halalamiki. Ila baba yake anarudi saa mbili, amechoka, na mpaka saa hiyo kwao kuna mkate mkavu tu. Mpishi wa kwao ni mama yake, na mama yake hayupo. Akasema kila akija kwetu hujiambia labda leo. Kisha mlango unafungwa na harufu inapita chini yake.

Nikahesabu siku kwa vidole. Wiki mbili nzima alikuwa anakaa kitandani kwangu akisubiri neno moja. Na nilikuwa nalijua! Haingii asipokaribishwa. Nimeliandika kwa mkono wangu tarehe sita. Nimeona aibu mpaka masikio yamewaka.

Nikapanda kwa Mama. Mama akasema viazi amevihesabu. Tena watu wa chini wataonaje, tukimlisha mtoto wao ni kama kusema hawawezi kumlisha wenyewe. Nikamwambia huko chini hakuna anayepika. Anakula mkate mkavu gizani, anasubiri saa mbili ifike.

 Mama akapunguza moto. Akashuka na ndara zake za nyumbani, hata aproni hakuvua, nikamsikia anabisha hodi. Akarudi amemshika Disa mkono. Akaweka sahani ya nne. Baba akasogeza kiti bila kuuliza, akahamishia kwenye sahani ile kababu zake tatu. Disa alikula tisa kwa jumla. Hakuinua macho hadi ya sita. Mama alikuwa amegeukia jiko muda wote, akifuta mahali palipokuwa safi.

Hakuna aliyeng'atwa.

Jumapili, 8 Januari 1989

Jua limerudi. Mji mzima ulikuwa kilimani na chupa za kahawa. Lilitokea dakika ishirini, jekundu, likakaa juu ya mlima kama limechoka na safari.

Nilimsimamisha Disa karibu yangu, koti langu nimelifungua tayari kumfunika akianza kutoa moshi. Hakutoa moshi. Alikunja uso tu, akapiga chafya.

Nikaona bora tuagane pale pale, nisije nikalia mbele ya watu. Nikamwambia aniandikie barua. Akasema barua za nini? Mashine ya mgodini imekataa kuwaka, na baba yake ameongezewa kazi mpaka Juni. Aliniambia kama mtu anayetaja saa. Nikamkumbatia, tukaanguka wote wawili kwenye theluji, kahawa ya Baba ikamwagika. Baba alisema hakuna neno. Sijawahi kufurahi hivi maishani mwangu.

Nafunga ushahidi: Disa alikuwa vampaya, ila kababu za Mama zimemponya. Maelezo mengine hayana msingi.

Pernilla naye alikuwa kilimani. Alikuja mwenyewe, akasema kigari chake kinabeba watatu. Nadhani anataka amani, au anataka Disa. Tumeteleza mpaka vidole vikafa ganzi, kisha tukaja wote kwetu kucheza karata.

Saa kumi na moja Mama akatuita mezani. Sahani nne kama kawaida siku hizi, ya Baba, ya Mama, yangu na ya Disa. Pernilla alibaki chumbani, bila shaka, mama yake amempikia kwao. Niliacha mlango wazi kidogo. Kutoka kwenye kiti changu nilimwona vizuri. Ameketi ukingoni mwa kitanda, mikono magotini. Hasomi kitu. Uso mweupe. Pua inacheza.

Disa alinikanyaga mguu chini ya meza mara tatu. Sijui alikuwa na nini.

Nimefungua daftari jipya. Ukurasa wa kwanza: Pernilla Hjort. Hagusi chakula chetu.