Visabo vya Nyamitaba na Kiwanda cha Mheshimiwa

Mheshimiwa Bwana Mwakilishi wa Mheshimiwa ambaye hakuweza kufika. Bwana Chef wa kijiji pamoja na wazee wake. Mapadri na wachungaji, kila mumoja na kanisa yake. Mama Présidente wa wamama. Wageni wetu kutoka Pinga ambao bado wanatoa matope ya pikipiki kwenye masikio. Ng'ombe wa Nyamitaba, ndiyo, hata ninyi, maana leo ni sikukuu yenu. Na mimi mwenyewe, Hilaire Byamungu, Coordonnateur Principal wa Mradi Mkuu wa Kuendeleza Maziwa, ambaye bila mimi nisingekuwa hapa: nawasalimu wote, kwa vyeo vyenu vyote, hata vile mutapata kesho. (Makofi. Wanaopiga njo wale watatu walikuja naye mu motokari. Siye watu wa kijiji, mikono iko ndani ya kitenge, baridi inauma.)

Leo, mbele ya utepe huu mwekundu uliofungwa kati ya mikaratusi miwili, nasimama kuzindua kiwanda cha maziwa kwa jina la développement durable, intégré na participatif, nikitangaza bila woga kwamba pesa hujenga kazi, kazi hujenga muntu, muntu akishajengwa hutengeneza utamaduni, utamaduni ukishatengenezwa unadai bureau, na bureau inadai fauteuil, na hiyo fauteuil, wananchi wapenzi, nafurahi kuwajulisha kwamba tayari ninaikalia. (Makofi ya wale watatu. Mumoja alikuwa amesinzia, wakamupiga kiwiko.)

Mutakumbuka kwamba kiangazi kilichopita nilifika hapa nikakuta mama muzima, mwenye nguvu zake, amekaa chini tangu asubuhi anatikisa kisabo, kile kibuyu cha maziwa, juu ya mapaja ili apate siagi kidogo kama ngumi, na machozi yakanitoka kwa sababu ya ile perte de temps, kupoteza wakati hivyo. Nikawaambia: leteni visabo vyote, njo mchango wenu, contribution ya bénéficiaires, maana mashine ya siagi ya chuma cha inox haiwezi kuingia kijiji ambamo vibuyu vya maziwa bado vinaning'inia. Na mukaleta! Asilimia mia moja na kumi ya nyumba zilileta! (Tulileta, ndiyo. Kisabo imekula moshi na mikono ya wamama wa zamani mpaka ikakuwa nyeusi na laini, inajua maziwa kuliko muntu, siye tukaipakia mu camionnette kama viazi, sababu ule anaiomba alivaa kravati.)

Matokeo yanaonekana kwa macho. Kabla ya mradi, Nyamitaba ilitoa maziwa ya kisasa kiasi cha sifuri. Leo, kwa juhudi zangu, sifuri hiyo imeongezeka mara mbili, na indicateurs zote, vipimo vya mradi, zinapanda, kiasi kwamba hata vijana wanaochimba dhahabu kule Omate wataacha pombe kali na kuanza kunywa yaourt wakiwa ndani ya shimo, na… Ndiyo, Mama, kidole nimekiona. Shusha, tuko kwenye indicateurs.

(Mama Emérita hashushe. «Papa Coordonnateur, muke ya mutoto wangu amezaa. Mu nyumba hakuna siagi, hakuna maziwa ya kuganda ya kumupa. Natia maziwa mu bidon, bidon inanuka mafuta ya mazout, maziwa inaoza. Kisabo yangu iko wapi? Niliipewa na mama-mukwe wangu.»)

Nakushukuru, Mama, kwa swali pertinente ambalo linathibitisha mafanikio yetu. Kisabo chako kimepanda cheo. Kiko kwangu mujini, mu salon, juu ya télévision, kimetiwa maua ya plastiki, na mugeni akiingia anauliza, «Kitu gani hii nzuri?» nami namujibu kwa unyenyekevu, «Ni utamaduni wetu.» Vingine vilinunuliwa na wazungu wanaopenda vitu vyetu, vikapanda ndege, kwa hiyo wewe unayelalamika hapa, utamaduni wako umefika Ulaya mbele yako, na hata viza haukuombwa. (Wamama: «Eeeh! Maua mu kisabo?» Mama Nyiramahoro: «Na ule aliziuza, alikula nini?» Wale watatu wanaangalia viatu.)

Suala la kula ni la kiufundi, litapata commission yake. Sasa nakata utepe! (Amekata. Nyuma ya utepe iko majani tu, na ng'ombe ya Tuyizere inajisaidia.) Mumeona ule espace? Mumeona hewa? Semeni pamoja nami: Maziwa kwa wote! Wote kwa maziwa! Byamungu mbele! (Ng'ombe peke yake njo iliitika.)

Nimalize kwa shukrani. Nawashukuru wafadhili walioleta pesa ya kiwanda, pesa ambayo kwa uangalifu mkubwa tuliitumia yote katika étude ya wataalamu, ili kwanza tujue kama kiwanda kinahitajika. Na wataalamu, baada ya kulala hoteli nzuri na kula samaki, waliandika kwa herufi nene kwamba Nyamitaba haihitaji kiwanda chochote, kwa sababu kila nyumba ina kisabo kizuri. Njo maana kiwanda hakikujengwa, hakijengwi, wala musumari wake haukuwahi kununuliwa. Asanteni kwa kunielewa. Asanteni kwa visabo. Chauffeur, washa!

(Wamama wameteremuka barabarani, wametandika vitenge, wamekaa mbele ya motokari.)

Wamama wapenzi, kama mumekaa hapo kwa kuniheshimu, heshima imetosha. Simameni. Mama Emérita, simama, mvua inakuja, barabara itaharibika!

(«Iharibike, Papa. Siye tuko kwetu. Pigia muke yako simu, umwambie atoe maua mu kisabo.»)