Msiba wa Mama Mkubwa, na Mtihani ni Kesho

Leo nimejifedhehesha hapa Johannesburg, mbele ya Malvern yote, Fordsburg yote na nusu ya Doornfontein. Nawaandikieni nikiwa nimejifunika blanketi mpaka kichwani.

Nasimulia mwenyewe kabla hamjasikia kwa watu wakaongeza chumvi. (Ingawa hii chumvi imeshakolea.)

Kesho nina mtihani wa uwakili, ile karatasi ya wosia na mirathi. Mnaonijua mnajua kwamba mwaka jana nilifaulu zote nikaanguka hiyo tu. Kusoma nilisoma. Tatizo ni akili yangu, haikai. Nikiiweka kwenye kitabu inatulia kidogo, kisha inaondoka zake. Mwaka jana katikati ya mtihani niliona wingu dirishani, jeupe, limejikunja, nikalifuata. Niliporudi wasimamizi walikuwa wanakusanya karatasi.

Safari hii hakuna mchezo. Bosi wangu kwenye ofisi ya mawakili ninakofanya mafunzo amesema mkataba ukiisha haongezi tena. Nikifeli, nakwenda kupima vitambaa dukani kwa Mama Mkubwa mpaka nizeeke.

Mama Mkubwa Zuhura ni dada yake mama yangu. Ndiye aliyenitoa Tanga nikiwa mdogo, akanilea pamoja na wanawe wawili, ambao sasa wana maisha yao Cape Town. Ana duka la vitambaa Fordsburg na nyumba hapa Malvern, karibu na Jules Street. Yeye analala chumba cha mbele, kile chenye dirisha kubwa, jua linaingia asubuhi linatoka jioni. Mimi nalala cha nyuma, ambacho jua hulisikia kwa jirani.

Sasa, kwa kuwa akili yangu haishikiki, nimebuni njia yangu ya kusoma. Sheria naigeuza kisa. Nachukua mtu ninayemjua, namuua, halafu nagawa mali zake. Najirekodi kwa sauti, najitumia mwenyewe kwenye wasapu, kisha nasikiliza huku naosha vyombo. Wiki hii nimeshamzika mwenye spaza, kile kiduka cha pale kona, kinyozi wake, na bosi wangu (mara mbili, ya pili kwa raha zangu).

Leo asubuhi Mama Mkubwa akaenda dukani. Simu yake akaisahau kwenye chaji. Nikatoa godoro, nikalitandika barazani upande wa jua.

Jamani, jua la Agosti hapa Johannesburg! Kivulini unatetemeka, juani unayeyuka. Upepo unaleta harufu ya majani makavu yaliyochomwa mbali huko, na vumbi la njano la machimbo ya zamani ya dhahabu linaelea hewani polepole, kila chembe inang'aa. Nilikuwa nimevaa pajama, na juu yake joho jeusi la mahakamani, la kuazima kwa rafiki yangu ambaye ni wakili tayari. Nilisema nalivaa kwa sababu ya baridi. (Uongo. Nilikuwa nalivaa ili nijione.)

Nikashika simu. Nilikuwa na mafua, pua imeziba, sauti inakwaruza. Nikajirekodi: "Mama Mkubwa Zuhura amefariki dunia leo asubuhi, hapa Johannesburg..." Nikaendelea mpaka mwisho wa kisa, macho yanafumba yenyewe. Nikatuma. Nikazima mlio wa simu nisisumbuliwe.

Jina langu na kundi la umoja wetu wa Watanzania yamekaa jirani kabisa pale juu kwenye simu. Mmeshaelewa. Mimi sikuelewa. Mimi nililala.

Na nikaota! Niko mahakamani, dari liko juu sana, ndege wanapita humo ndani bila kelele. Nimesimama na joho langu. Viti vinajaa taratibu, kina mama wa buibui wanaingia mmoja mmoja, wanakaa, wananitazama kwa huruma. Nasikia harufu ya ubani. Nasikia kisomo kwa mbali. Kuna mkono laini unanipepea, nikajisemea, kumbe mawakili wanatunzwa hivi. Nikakohoa nikasema, "Mheshimiwa, niko hapa kwa ajili ya mirathi ya marehemu Zuhura."

Mahakama nzima ikaangua kilio.

Nikafumbua macho. Kilio hakikukoma.

Nilikuwa nimefunikwa khanga mbili. Kichwa changu kiko mapajani kwa Maman Béa, jirani yetu Mkongo anayesuka nywele Jules Street, ananipepea kwa mfuniko wa sufuria. Uani kumejaa mikeka. Viti vya plastiki vinashushwa kutoka kwenye bakkie, pikapu ya umoja. Sufuria la pilau, lile kubwa la umoja, liko motoni.

"Pole, dada," akasema Maman Béa. "Lia tu. Kulia iko muzuri."

"Nani amekufa?"

Kina mama wakatazamana. Mmoja akaziba mdomo kwa mtandio.

"Ameshachanganyikiwa," akanong'ona mwingine. "Tumemkuta amezimia, na nguo nyeusi ameshavaa. Mwacheni."

Nikaketi. Kila ninayemuuliza nani amekufa, analia zaidi na kunikumbatia. Akaja Mzee Kombo, mwenyekiti wa umoja wetu, mtu wa Unguja, mpole, kofia imenyooka. Ana kifurushi kwapani.

"Mwanangu," akasema, "nimetoka Fordsburg sasa hivi, taa za barabarani, hizi robot, nyekundu zote nimezipita. Sanda nimekuja nayo. Vijana wapo hospitalini wanautafuta mwili."

"Mwili wa nani, mzee?"

"Kila nafsi itaonja mauti, Rehema. Kubali."

Basi nami nikaanza kulia. Nalia kwa kwikwi, simjui ninayemlilia. (Msinihukumu. Kaeni nyinyi katikati ya kina mama wote wale muone kama mtabaki na macho makavu.) Ndani ya nyumba simu ya Mama Mkubwa ikawa inaita, inakatika, inaita tena. Kila ikiita watu wanatikisa vichwa, "Maskini, haina wa kuipokea." Na mimi natikisa nao.

Ndipo geti likafunguka.

Mama Mkubwa Zuhura mwenyewe. Mkono huu mkate, mkono huu mfuko wa vitambaa. Akaona mikeka. Akaona sufuria. Akaona kifurushi cha Mzee Kombo, na yeye ni muuza vitambaa, sanda anaijua hata ikifungwa. Mkate ukaanguka.

"Rehema wangu!" akapiga ukunga. "Nimemwacha asubuhi mzima anasoma! Vitabu vimemuua mtoto wa watu! Nitamwambia nini mama yake?"

Akajitupa chini.

Kisha Maman Béa akainuka, kichwa changu kikagonga sakafu.

"Mungu wangu! Maman Zuhura alirudia! Miye sibaki apa!" Na kweli hakubaki. Alipita juu ya ukuta na mfuniko wa sufuria mkononi, na ule ukuta si mfupi. Wengine wakarudi nyuma kwa pamoja mpaka viti vikaanguka. Mzee Kombo akafumba macho, akaanza kusoma kwa sauti ya juu kuliko kawaida yake.

Nikasimama. Joho jeusi, khanga mbili, nywele timutimu.

"Mama Mkubwa, mimi hapa."

Akaniona, akapiga ukunga wa pili. Halafu akatambaa, akanishika miguu, magoti, mikono, uso, anahakikisha kila kipande. Alipomaliza akanikumbatia mpaka pumzi ikanikata. Mama Mkubwa, ambaye hajawahi kuniambia neno tamu tangu nizaliwe, alikuwa ananilowesha bega. Nilijisikia vibaya, na bado sikujua kwa nini.

Mzee Kombo akafumbua jicho moja.

"Zuhura, u hai?"

"Nina nini nisiwe hai?"

"Na Rehema yu hai." Akageuka kutazama sufuria la pilau. "Basi amekufa nani?"

Kisha akatoa simu mfukoni.

"Habari tuliipata humu, kwa sauti. Nasema kweli, mimi niliposikia 'amefariki' sikungoja zaidi, nilivaa viatu. Kuna aliyesikiliza mpaka mwisho?"

Hakuna. Watu wetu hawasikilizi msiba mpaka mwisho, wanaufuata.

Hapo ndipo usingizi uliponitoka wote. "Mzee, usi..."

Akabonyeza.

Sauti yangu, na mafua yake, ikaenea uani: "Mama Mkubwa Zuhura amefariki dunia leo asubuhi, hapa Johannesburg. Hakuacha wosia. Ameacha mume, yuko Tanga, na watoto wawili. Ameacha pia Rehema, mtoto wa mdogo wake, aliyemlea. Swali: Rehema anapata nini? Jibu: hapati kitu. Mume na watoto wapo, yeye hakuasiliwa kisheria, hayumo kwenye mirathi. Lakini marehemu angeandika wosia, angeweza kumwachia Rehema bangili zote za dhahabu, jiko la gesi, na chumba cha mbele chenye jua. Ee Mola, basi hata hicho chumba tu."

Halafu, jamani, nikasikika nikipiga mwayo.

Nilitamani ardhi ya Malvern ifunguke, na kwa mashimo yaliyoko chini ya mji huu wala si jambo gumu. Haikufunguka. Mama wa buibui aliyesema nimechanganyikiwa akasema, "Bangili *zote*?"

Simu ya Mama Mkubwa ikaita tena. Safari hii akaingia mwenyewe, akaipokea, akarudi nayo. Alikuwa Baba Mkubwa, mumewe, kutoka Tanga; msiba ulikuwa umeshamfikia.

"Nani anaongea?" tukamsikia anauliza huku analia.

"Mimi Zuhura."

Ikakatika. Alipopiga tena alikuwa analia kilio kingine, na Mama Mkubwa akasogea pembeni, akageukia ukuta, akawa anamjibu kwa sauti ndogo ambayo sijawahi kuisikia.

Aliporudi akachukua ile sanda kwa Mzee Kombo, akaipapasa kwa vidole viwili.

"Hii ndiyo mngenizikia? Nyepesi hivi? Kombo, umepigwa."

Mtu mmoja akacheka. Kisha wote. Maman Béa akachungulia juu ya ukuta. "Eish! Hakuna mwenye alikufa? Chakula iko?"

Chakula kilikuwapo. Pilau lililoiva halirudi guniani. Tukakaa mikekani juani, masinia yakapita, mdalasini hewani, na mimi katikati na joho langu nikiwa natazama wali tu. Nikasema sasa watanisema mpaka jioni.

Badala yake Maman Béa akauliza, "Dada, ile mambo ulisema kwa simu, ni kweli? Miye nikikufa bila papier ya wosia, ndugu zangu wa Bukavu habapate kitu?"

"Ukiwa na mume au watoto, hawapati. Wanaanza hao kwanza."

"Na mimi?" akasema Mzee Kombo. "Nataka mali yangu igawanywe kwa sharia ya dini."

"Andika wosia useme hivyo, mzee. Ukifa kimya, inaigawa sheria ya hapa."

Wakauliza, nikajibu. Uandikwe vipi, usainiwe wapi, ukipotea je. Jua lilikuwa linashuka upande wa mji, vumbi la njano linaelea vilevile, mawingu yanapita, na nikashtuka kuona kwamba siyafuati. Nilikuwa pale pale mkekani, na akili yangu yote imekaa nami. Karatasi nzima ya mwaka jana ilinitoka mdomoni kati ya matonge.

Mama Mkubwa muda wote alikuwa anatafuna tu. Mwisho akanawa mikono.

"Huo wosia unataka mashahidi?"

"Wawili. Wanasaini pamoja nawe, mnaonana."

"Na shahidi akiwa ni mtu aliyeandikiwa kitu humo ndani?"

"Huyo anakipoteza," nikasema, najivunia. "Shahidi hapewi kitu." (Yapo masharti yake, lakini nilikuwa nimeshapamba moto.)

Akanitazama kwa kitambo. Kisha akainuka, akaenda chumba cha nyuma, akatoka na vitabu vyangu kifuani, akavipeleka chumba cha mbele. Akarudi, akasimama mlangoni, bangili zinalia mkononi.

"Leo unasoma humu na unalala humu. Kesho ukifaulu, tutakaa tuzungumze habari ya bangili."

Nikafungua mdomo nishukuru. Machozi yalikuwa karibu.

"Ukifeli," akasema, "wewe ndiye shahidi wangu wa kwanza."

Ndiyo maana niko chini ya blanketi, chumba cha jua, nasoma. Anayetaka kucheka acheke, lakini aniombee dua kwanza. Na msinitumie ujumbe wa sauti, maana Mama Mkubwa amechukua simu yangu, na haya nayaandika kwa simu yake.