Jiko Lililonuna Kabla ya Kandelaria

Jumatatu, 26 Januari
Naandika nikiwa ukingoni mwa kaburi. Daktari hakusema hivyo. Alisema nipunguze chumvi. Lakini niliyaona macho yake. Basi niungame humu, maana Padre Wenceslao husinzia kabla sijafika kwenye dhambi tamu.

Dhambi ya leo: hasira. Jirani yangu, Bibi Eduviges, alichungulia pango langu la Mtoto Yesu akauliza kama hapo ni Bethlehemu au ni kwa popo. Soketi ya sebuleni imekufa, taa za pango haziwaki, nifanyeje? Nimelisogeza pango hadi mlango wa jikoni. Nyuma ya jiko la gesi nikakuta soketi, imekaliwa na plagi isiyo na kazi. Nikaichomoa. Sasa Bethlehemu inawaka kama kasino. Aje aone, yule!

Jumanne, 27 Januari
Jiko limenuna. Nabonyeza: kimya. Hata ule mlio wake wa tik-tik haupo. Gesi inatoka, cheche hakuna. Jana asubuhi liliwaka vizuri. Nani alipita hapa katikati? Eduviges, na jicho lake. Sisemi zaidi.

Na wakati gani! Kandelaria ni Februari 2, siku ya kumwinua Mtoto Yesu pangoni. Kwenye mkate wa sikukuu ya Mamajusi, mwanasesere anayefichwa ndani aliangukia kipande changu, na aliyempata huwalisha wenzake tamale, unga wa mahindi uliopikwa kwa mvuke ndani ya maganda, siku ya Kandelaria. Nilijaribu kummeza. Eduviges alinigonga mgongoni hadi nikamtema mezani, watu wakapiga makofi.

Binti yangu Rosaura kapiga simu kutoka Monterrey. Nikamwambia jiko lina afya kuliko mimi. Akajibu kwamba hicho si kipimo, baba. Tangu niunguze nyusi, kiberiti ni marufuku. Ameapa: anakuja Kandelaria, na akikuta jiko haliwaki lenyewe, ananihamishia kwake. Ghorofani! Kwa mkwe anayepiga mluzi akila! Hapana. Nife hapa Puebla, kwenye kitanda tulicholala mimi na marehemu Amparo.

Alhamisi, 29 Januari
Maharage baridi tena.

Nimetafiti. Mimi hupasha chapati za mahindi juu ya moto mtupu, na makombo huziba matundu ya jiko. Naam! Nikayachokonoa kwa kijiti cha meno, kisha kwa sindano ya Amparo. Nikasugua vifuniko, nikavianika, nikavirudisha. Kimya. Nikavibadilisha nafasi. Kimya. Nikalisemesha Kilatini. Kimya.

Nikamwita muuza gesi dirishani, nikamshutumu kwamba mtungi wake umechakachuliwa. Akasema gesi si maziwa, babu, haitiwi maji. Akaendelea na kelele zake za “Gaaasi!” kana kwamba nimeshazikwa.

Jumamosi, 31 Januari
Hila! Nimeagiza tamale kwa mama wa kona. Nitazipanga kwenye sufuria yangu, nizifunike blanketi zisipoe, nipake unga kwenye mikono. Rosaura ataona mvuke, atahitimisha moto. Ungamo: najivunia mno.

Jumatatu, 2 Februari
Fedheha!

Rosaura kafika. Eduviges kaja na kanzu mpya ya kumvisha Mtoto wa pangoni. Nikafunua sufuria kwa madaha. Eduviges akainua tamale moja, akaigeuza, akashika mbavu kwa kicheko. “Mwalimu, fundo hili la ganda ni langu! Yule mama wa kona, nani humpikia?”

Rosaura hakucheka. Akaenda kwenye jiko, akabonyeza. Kimya. Akaniambia, taratibu, nikusanye dawa zangu.

Sikubishana. Niliomba kwanza tumwinue Mtoto pangoni, kama alivyokuwa akifanya Amparo. Eduviges akaimba. Tulipomaliza, Rosaura akachomoa taa ili tulifungashe pango. Akaiona ile plagi sakafuni. Akaichomeka. Akaniangalia. Akabonyeza.

Tik-tik-tik. Moto wa buluu!

Akakaa chini sakafuni, sijui analia au anacheka. “Baba! Cheche za hili jiko ni za umeme!” Eduviges akasema, ee Mungu, mwalimu mzima. Rosaura akajifuta macho akasema basi, nibaki, ila nisiiguse ile plagi. Tukala tamale za Eduviges. Tamu, kwa bahati mbaya.

Jumanne, 3 Februari
Rosaura ameondoka, bado ameshikilia kwamba ni plagi. Plagi! Nimefundisha mantiki maisha yangu yote: jambo kufuata lingine si ushahidi kwamba limesababishwa nalo. Kilichoponya jiko ni sindano ya Amparo. Dawa huchukua siku kadhaa kuingia mwilini.

Baridi kali leo. Eduviges kaniletea blanketi la umeme, eti hataki kuzoea jirani mwingine. Waya wake mfupi, haufiki popote. Nimezunguka nyumba nzima. Hatimaye, nyuma ya jiko, soketi nzuri kabisa! Kulikuwa na plagi imelala humo tu.

Miguu inapata joto. Kesho, chai ya moto.