Nyoka Kipofu na Vyungu vya Mama

Jumatatu, 3 Machi

Mwanangu, umesema kwenye daftari hili la utafiti wako niandike tarehe, mahali na nilichokiona. Lakini siwezi kuanza na nyoka kabla ya salamu. Baba yako mzima, ila mguu. Shangazi yako mzima, anauliza umenenepa? Kaka yako mzima, mkewe mzima, na tumbo la mkewe zima. Bibi yako mzima, jina lako limempotea ila anakuombea kila siku. Paka amezaa. Mimi mzima, isipokuwa mwaka wa pili huu hujaja nyumbani.

Haya. Nyoka kipofu. Nimemwona mmoja uani, kwenye chungu changu cha waridi. Mweusi, anang'aa, mwembamba kama kamba ya kiatu. Hujui kichwa kipi, mkia upi. Ulisema nihesabu mistari ya magamba kuzunguka mwili, ikifika ishirini ndiye mnayemtafuta. Nimevaa miwani ya baba yako. Kumi na tatu, akageuka. Nikaanza upya. Kumi na moja, akaingia kwenye mkono wa gauni.

Nimeandika ishirini.

Jumanne, 4 Machi

Umepiga simu. Kumbe nyoka akionekana sehemu kumi za mtaa wetu kabla ya tarehe kumi na tano, mwalimu wako anakuja kupima, na wewe unakuja naye. Wiki tatu nzima nyumbani! Zisipofika kumi, mnakwenda mji mwingine. Nimekata simu nikakaa juu ya ndoo.

Nimechimba kutwa. Kando ya mtaro, chini ya matofali, nyuma ya vyoo vya shule. Minyoo tu. Nyoka wamo kwenye vyungu vyangu tu. Nimemsimulia baba yako ulivyosema, kwamba wote ni majike na wanataga bila dume. Ameacha chai yake, kaenda kukaa nje.

Alhamisi, 6 Machi

Mama Mjuaji, yule jirani wa mlango wa kijani, anatangaza bombani kuwa kwake wamejaa. Sikulala vizuri. Asubuhi nimekwenda na miwani. Nikamuuliza mbele ya watu, magamba yako wapi? Ulimi uko wapi? Huyu ana pete mwilini, anateleza, huyu ni mnyoo. Akasema yeye mnyoo anaujua tangu utotoni. Nikamwambia basi msalimie.

Nimerudi nimefurahi. Halafu nikakumbuka bado tuna sehemu moja.

Ijumaa, 7 Machi

Nimepata wazo. Watu wanapenda maua.

Nimetoa vyungu tisa. Zahanati, kwa fundi cherehani, kwa kinyozi, shuleni, duka la dawa, ofisi ya maji, na kwingine. Kila kimoja chenye waridi juu na mgeni wetu chini. Muuguzi amenikumbatia. Kinyozi ameuliza kama nimeokoka. Mama Mjuaji hakupata. Akauliza nagombea nini mwaka huu.

Jumapili, 9 Machi

Nimepita kukagua. Zahanati, nimemwona. Kwa fundi, nimemwona, nimechimba kidogo kwa kijiti cha kibiriti. Kwa kinyozi, nimemwona. Ofisi ya maji imefungwa, nimechungulia dirishani, namwamini. Kwingine kote nimemwona. Na huyu wa uani, jumla kumi. Umesema niandike nilipomwona. Sijaongopa hata mahali pamoja.

Nimefua mashuka ya chumba chako.

Jumanne, 11 Machi

Nimekusomea sehemu zote kumi kwa simu. Ukafurahi, nikakusikia. Ukauliza zahanati alikuwa sehemu gani hasa. Nikasema chunguni. Kwa kinyozi? Chunguni. Shuleni? Chunguni.

"Mama, hivyo vyungu vimetoka wapi?"

Nikasema njia ya simu mbaya. Ukasema njia ni nzuri. Nikasema vimetoka kwangu.

"Mama, hivi ndivyo nyoka huyu alivyosambaa nchi zote, kwa udongo wa maua. Mimi natafuta alikofika mwenyewe. Ramani yangu sasa inaonyesha ulikopita wewe."

Nikafurahi kidogo kuwa nimo kwenye ramani. Ukalia. Hapo ndipo nilipoelewa. Mwalimu wako atazifuta sehemu zote tisa, ibaki moja. Mtakwenda mji mwingine. Ukasema hata hapo mnapokaa hajawahi kuonekana hata mmoja, na mwalimu ana miaka thelathini anatafuta.

Jumatano, 12 Machi

Nimevikusanya vyungu vyote tisa. Muuguzi alinuna. Kinyozi alikuwa amekwisha kumpa nyoka jina. Mama Mjuaji alisimama mlangoni akinihesabia safari. Nimekuharibia kazi, mwanangu. Nisamehe. Tangu leo sitampeleka nyoka popote mtaani. Nimemwapia baba yako.

Ila nimemfikiria mwalimu wako. Mtu mzima, maisha yake yote nyoka, na mjini kwake hana hata mmoja. Inauma. Kwa hiyo nimempelekea chungu cha waridi cha kumwomba radhi. Kinapanda basi la saa nne, na daftari hili liko juu ya udongo, ndani ya mfuko wa nailoni. Nimemchagulia mnene.

Akimwona atashangaa, atauliza katoka wapi. Itabidi mje mpaka huku kuulizia. Wewe usiseme kitu.

Nijibu upesi, hata kwa mstari mmoja. Amefika mzima? Na mnakuja lini, nianike godoro?